Gemu Inakwama? Usikimbilie Kushusha Kila Kitu

Gemu ikianza kukwama, wengi wetu tunakimbilia mipangilio ya picha na kushusha kila kitu hadi chini kabisa. Unarudi kucheza, nyuso za wahusika zimekuwa kama udongo uliofinyangwa kwa haraka, majani yametoweka, na gemu inakwama palepale ilipokuwa ikikwama. Nimefanya hivyo miaka na miaka. Kushusha si kosa. Kosa ni kushusha kabla hujajua ni kifaa gani ndani ya kompyuta kinachovisubirisha vingine.

Kila picha unayoiona, yaani kila fremu, inapitia mikono miwili. Prosesa inaamua adui amesimama wapi, risasi imeangukia wapi, mlango umefunguka au la, kisha inaandaa maagizo ya uchoraji. Kadi ya michoro inapokea maagizo hayo na kuchora. Ukitaka fremu 60 kwa sekunde, kila mmoja wao amalize sehemu yake ndani ya milisekunde 16.7 hivi. Kwa fremu 30 muda ni milisekunde 33.3, na kwa fremu 144 haufiki hata 7. Anayechelewa ndiye anayeamua kasi ya wote wawili. Ukimpunguzia kazi yule ambaye tayari amemaliza na kukaa, huoni tofauti yoyote isipokuwa picha mbaya.

Hatua ya 1: Pima, na uandike

Huhitaji vifaa vya ajabu. Kwenye Windows, bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, Task Manager itafunguka. Ingia kwenye sehemu ya Performance. Ukitaka namba zionekane juu ya gemu yenyewe, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na G (inafungua Game Bar), uchague kidirisha cha utendaji na ukibandike pembeni ya skrini. Steam nayo ina kihesabu chake cha fremu kwenye mipangilio. Mimi hutumia programu ya MSI Afterburner, kwa sababu inanichorea mstari wa muda wa kila fremu, na mstari huo unasema mengi kuliko wastani.

Sasa chagua sehemu moja ya gemu iliyo nzito: soko lenye watu, vita, mji wenye mvua. Pita njia ileile kwa dakika moja hivi. Gemu ikiwa na jaribio lake la ndani la kupima kasi, tumia hilo. Andika mambo matatu: wastani wa fremu, namba ya chini kabisa uliyoiona, na asilimia ya matumizi ya kadi ya michoro. Andika kwenye karatasi au simu, popote. Kichwa hakifai kwa kazi hii, maana ukishabadilisha kitu unataka kiwe kimesaidia, na macho yanafuata matakwa.

Halafu soma namba zako. Kadi ya michoro ikiwa inafanya kazi kwa asilimia 95 na kuendelea, basi kadi ndiyo inayosubiriwa. Kadi ikiwa kwenye asilimia 60 na fremu bado ni chache, tazama prosesa. Hapa kuna mtego ambao umewapoteza wengi: Task Manager inaweza kukuonyesha prosesa imetumika asilimia 30 tu, ukadhani imepumzika. Namba hiyo ni wastani wa viini vyote, yaani sehemu za prosesa zinazofanya kazi kila moja peke yake. Gemu nyingi zinaelemea kiini kimoja au viwili, na kiini hicho kimoja kinaweza kuwa hoi huku vingine kumi vikipiga gumzo. Bofya kwa kulia kwenye grafu ya prosesa na uchague kuonyesha kila kiini peke yake.

Kuna jaribio la haraka kuliko yote, na ndilo ninaloliamini zaidi. Shusha resolusheni, yaani idadi ya pikseli za picha, hadi 1280 kwa 720 kwa dakika moja tu, usibadilishe kitu kingine, upite njia ileile. Fremu zikipanda sana, tatizo lilikuwa kadi ya michoro. Zisipopanda, tatizo ni prosesa, au kuna kikomo kimewekwa mahali. Namba ikiganda kwenye 30 au 60 kamili bila kuyumba, karibu kila mara ni kikomo: tafuta V-Sync (inayozifunga fremu kwenye kasi ya skrini) au kizuizi cha fremu kwenye gemu au kwenye programu ya kadi.

Jambo jingine la kutenga mapema. Picha ikienda laini lakini wachezaji wengine wanarukaruka kutoka hapa hadi pale, au risasi zako zinachelewa kuhesabiwa, hiyo ni intaneti. Hakuna mpangilio wa vivuli utakaoitibu. Chomeka waya badala ya Wi-Fi na usimamishe upakuaji unaoendelea nyuma.

Hatua ya 2: Vya bure, kabla ya kugusa gemu

Anza na waya wa skrini. Kwenye kompyuta ya mezani yenye kadi ya michoro, waya unatakiwa uchomekwe kwenye kadi yenyewe, zile tundu za chini zilizolala. Tundu za juu karibu na za USB ni za ubao mama (motherboard), na ukichomeka huko kwa kawaida gemu inachorwa na michoro midogo iliyomo ndani ya prosesa. Inasikika kama utani, lakini watu hununua kadi ya bei kubwa na kuiacha ikae bure.

Kisha kasi ya skrini. Mimi nilinunua skrini ya hezi 144, yaani inayobadilisha picha mara 144 kwa sekunde, nikaitumia karibu mwaka mzima ikiwa kwenye hezi 60, na muda wote huo nilimwambia kila aliyenisikiliza kwamba tofauti naiona wazi. Windows haikupandishi yenyewe kila mara. Ingia Settings, System, Display, kisha Advanced display, uchague namba ya juu zaidi. Isipoonekana, huenda waya au tundu unalotumia halimudu kasi hiyo, jaribu DisplayPort.

Kwa laptopu, chomeka chaja. Ikitumia betri, laptopu hubana umeme wa prosesa na wa kadi, na hakuna mpangilio unaoweza kuvuka kizuizi hicho. Ikishachomekwa, weka hali ya umeme kwenye utendaji bora, na kama mtengenezaji ameweka programu yake ya kuchagua kati ya ukimya na nguvu, chagua nguvu. Laptopu nyingi pia zina michoro ya aina mbili: ile ndogo ya kuokoa betri na ile kubwa ya gemu. Ili gemu isiangukie kwenye ndogo, nenda Settings, System, Display, Graphics, tafuta jina la gemu, uipangie High performance.

Draiva ya kadi, yaani programu inayoiwezesha Windows kuitumia kadi: pakua toleo jipya kutoka kwa mtengenezaji wa kadi, Nvidia, AMD au Intel, na usipite kwenye tovuti za watu wa kati. Gemu mpya mara nyingi hutoka pamoja na draiva iliyorekebishwa kwa ajili yake. Lakini kama kila kitu kilikuwa sawa hadi juzi na matatizo yameanza baada ya kusasisha, rudisha toleo la zamani bila aibu.

RAM, kumbukumbu ya kazi ya kompyuta, inastahili aya yake, kwa sababu hapa ndipo nguvu nyingi zinapotea kimyakimya. Kwanza, RAM ya kompyuta ya mezani iliyoandikwa kasi kubwa kwenye boksi mara nyingi huwashwa kwa kasi ndogo ya kawaida hadi uingie BIOS (menyu ya ubao mama inayofunguliwa kabla Windows haijawaka) na kuwasha mpangilio wa XMP, au EXPO kwa bodi mpya za AMD. Angalia kasi halisi kwenye Task Manager, sehemu ya Memory, ulinganishe na boksi. Pili, vipande viwili vya GB 8 vinashinda kipande kimoja cha GB 16, kwa kuwa vikiwa viwili vinafungua njia mbili za kupitisha data. Vichomeke kwenye nafasi ambazo kitabu cha ubao mama kinaelekeza. Kwa kawaida ni ya pili na ya nne ukihesabu kutoka kwenye prosesa. Kwa asiye na kadi ya michoro, anayetegemea michoro ya ndani ya prosesa, hili si jambo dogo: michoro hiyo haina kumbukumbu yake, inakopa RAM ileile, na njia ikiwa nyembamba kila kitu kinasubiri. Kipande cha pili cha RAM kinaweza kuifanya gemu isiyochezeka ichezeke.

Mwisho wa vya bure, funga vinavyokula nyuma. Kivinjari chenye vichupo thelathini kwenye kompyuta ya GB 8 kinagombania kumbukumbu na gemu moja kwa moja. Zima pia kurekodi kwa nyuma kwenye Game Bar kama huhitaji. Game Mode ya Windows iache ikiwa imewashwa. Haifanyi maajabu, lakini huizuia Windows kuanza kusakinisha draiva katikati ya mchezo.

Pima tena. Kuna watu ambao safari yao inaishia hapa.

Hatua ya 3: Kama kadi ndiyo inayosubiriwa

Hapa mipangilio ya picha ina maana, lakini haina uzito sawa. Badilisha kimoja, pima, ndipo uende kingine.

Kizito kuliko vyote ni resolusheni, na sababu ni hesabu tupu. Skrini ya 1920 kwa 1080 ina pikseli 2,073,600. Ya 2560 kwa 1440 ina 3,686,400. Ya 4K ina 8,294,400, mara nne ya ile ya kwanza, na kila moja inapakwa rangi upya kwa kila fremu. Lakini kushusha resolusheni ya skrini nzima kunafifisha hata maandishi na ramani. Njia nzuri zaidi ni teknolojia za kukuza picha: DLSS ya Nvidia, FSR ya AMD, XeSS ya Intel. Gemu inachorwa ndogo, kisha inakuzwa kwa akili, na maandishi yanabaki makali. DLSS inahitaji kadi za RTX. FSR za mwanzo, zilizoanza mwaka 2021, zinakubali kadi za kampuni yoyote, hata za zamani.

Jua tu unachochagua. Kwenye daraja la Quality la DLSS au FSR, kila upande wa picha unachorwa kwa theluthi mbili. Kwa skrini ya 4K hiyo ni 2560 kwa 1440, ambayo bado ina maelezo mengi, na matokeo yake ni mazuri mno. Kwa skrini ya 1080 hiyo ni 1280 kwa 720 tu, na ukishuka hadi Performance unabaki na 960 kwa 540, ukungu mtupu. Kwa hiyo mwenye skrini ya 1080 asivuke Quality bila sababu ya maana.

Baada ya hapo kuna ray tracing, yaani kufuatilia njia za miale ya nuru. Kama unatafuta fremu, izime kwanza, halafu ujiulize kama umeona pengo. Kisha vivuli: kutoka Ultra hadi Medium mara nyingi ndiko kunakorudisha fremu nyingi kwa hasara ndogo ya macho, maana katikati ya vita hakuna anayekagua ukingo wa kivuli cha mti. Ukungu na mawingu yenye ujazo (volumetric) nayo ni mlafi mkubwa, yashushe hatua moja au mbili. Miakisi kwenye maji na vioo inafuata, pamoja na vile vivuli vidogo vya kwenye kona na mianya ambavyo menyu huviita ambient occlusion. Kulainisha kingo kwa MSAA ni ghali. TAA au FXAA ni nafuu.

Tekscha ni habari tofauti, na hapa wengi hujiumiza bure. Tekscha, yaani ngozi na rangi za vitu, hazigharimu karibu chochote mradi zimeenea kwenye kumbukumbu ya kadi. Zikijaa na kumwagika, kadi inalazimika kuzifuata kwenye RAM ya kompyuta kupitia njia ya polepole, na gemu inaanza kushtukashtuka. Kwa hiyo usizishushe kwa mazoea. Tazama kumbukumbu ya kadi kwenye Task Manager wakati unacheza: ikibaki nafasi, pandisha, ikijaa pomoni, shusha hatua moja. Uchujaji wa tekscha (anisotropic filtering) wa 16x uache juu, kwenye kadi za kisasa gharama yake ni ndogo na bila huo barabara iliyo mbali inakuwa uji.

Kutengeneza fremu za kati (frame generation), ile kadi inapobuni fremu mpya kati ya mbili za kweli, kunapandisha namba kwa kishindo. Ila fremu hizo za kubuni hazijui umebonyeza nini. Ukianza na fremu 70 picha inakuwa laini sana na mkono haulalamiki. Ukianza na 25, namba itasema 50 huku vidole vikihisi mzigo uleule wa 25, na zaidi kidogo.

Hatua ya 4: Kama prosesa ndiyo inayosubiriwa

Shusha vitu vinavyohesabiwa, achana na vinavyopakwa rangi: idadi ya watu na magari mitaani, umbali wa kuona, wingi wa vitu vya mbali, fizikia ya mabaki na vumbi. Ray tracing inaielemea prosesa pia, hilo watu husahau. Resolusheni hapa haisaidii. Na kwa kuwa kadi yako imekaa bila kazi, pandisha resolusheni na tekscha, hutalipa kitu mradi kadi haijafika kikomo chake.

Kama fremu zinaruka kati ya 55 na 95, weka kikomo kwenye 60. Macho yanachoka na kuyumba kuliko yanavyochoka na uchache.

Hatua ya 5: Wastani mzuri, lakini inashtuka

Huu ndio ugonjwa unaokera zaidi: kihesabu kinasema 90, na bado kila sekunde kadhaa picha inagutuka. Chunguza lini inatokea. Ikishtuka mara ya kwanza tu unapoingia eneo jipya au unapotumia silaha mpya, kisha haishtuki tena, kompyuta ilikuwa inaandaa sheda, yaani vijiprogramu vya kupaka rangi na nuru. Gemu ikikuonyesha kwenye menyu kwamba inaandaa sheda, ivumilie hadi imalize. Kumbuka kwamba ukisasisha draiva, kazi hiyo mara nyingi inaanza upya, kwa hiyo usiilaumu draiva mpya ndani ya dakika kumi za kwanza.

Ikishtuka unapokimbia kwa kasi kwenye ramani kubwa, tazama diski. Gemu za dunia kubwa zinasoma data mfululizo, na diski ngumu ya zamani inayozunguka haifikishi mzigo kwa wakati. Ihamishie gemu kwenye SSD, diski isiyo na kitu kinachozunguka. SSD haiongezi wastani wa fremu kwa kiasi cha kujivunia, lakini inaondoa vishindo hivyo na kufupisha kungoja.

Ikionekana kama picha imekatwa katikati kwa mlalo, hiyo ni skrini na kadi kutokwenda sambamba. V-Sync inaponya, kwa bei ya kuchelewesha kidogo mwitikio wa mkono, na katika baadhi ya gemu ukishindwa kufikia 60 unaangushwa moja kwa moja hadi 30. Skrini yenye FreeSync au G-Sync, yaani inayofuata kasi ya kadi, ni dawa bora: iwashe kwenye menyu ya skrini na kwenye programu ya kadi, kisha weka kikomo cha fremu chache chini ya kasi ya skrini, mfano 140 kwa skrini ya 144.

Hatua ya 6: Ikianza vizuri kisha ikachoka

Gemu ikienda vyema robo saa ya kwanza kisha ikalegea, mara nyingi ni joto. Prosesa na kadi zinapopata moto kupita kiasi zinajipunguzia kasi zenyewe ili zisiungue. Safisha vumbi, kompyuta ikiwa imezimwa na umeme umechomolewa, na uishike feni isizunguke unapopuliza. Laptopu usiiweke juu ya godoro au mto. Inyanyue nyuma kwa kitu kigumu ili matundu ya chini yapate hewa. Kikomo cha fremu kinasaidia hapa pia: kadi isiyolazimishwa kuchora fremu 200 za menyu haichemki bure.

Usivyopaswa kugusa

Programu zinazoahidi kuongeza kasi ya gemu kwa kubofya mara moja kwa sehemu kubwa zinafunga tu programu za nyuma, kazi unayoweza kuifanya mwenyewe kwa sekunde kumi, na baadhi yake zinakuja na wageni ambao hukuwaalika. Faili za rejista (mipangilio ya ndani ya Windows) kutoka kwa watu usiowajua, achana nazo. Faili ya kubadilishia kumbukumbu, ile Windows inayoiita paging file, usiizime. Gemu nyingi zinaihitaji hata kama una RAM ya kutosha, na bila hiyo zinaweza kujifunga ghafla.

Kwenye Windows 11 kuna ulinzi uitwao Memory integrity. Microsoft wenyewe wanakiri kwamba unaweza kupunguza kasi ya gemu kwenye baadhi ya kompyuta, na wanaeleza namna ya kuuzima kisha kuuwasha tena ukimaliza kucheza. Mimi nauacha. Kompyuta yangu ina nywila zangu zote, na fremu chache hazinitoshi kama malipo.

Ukifika hapa na namba kwenye karatasi yako bado ni mbaya, basi kununua kunaanza kuwa na maana, na karatasi hiyohiyo itakuambia ununue nini. Kadi ilikuwa kwenye asilimia 98 muda wote: kadi mpya itasaidia, ila hakikisha kwanza ugavi wa umeme wa kompyuta (power supply) unaimudu. Kadi ilikuwa kwenye 60: usiinunue, kwa kuwa mpya nayo itakaa ikisubiri palepale ilipokuwa ikisubiri ya zamani.